Bango la "Leo taslimu, kesho mkopo" na daftari lililo nyuma yake

Tuseme kilo ya sukari imenunuliwa kwa jumla shilingi 2,600 za Tanzania na inauzwa 2,800. Faida ni shilingi 200. Kilo hiyo ikikopwa na isilipwe, mwenye duka atauza kilo 13 nyingine kwa taslimu ili arudishe tu alichonunulia, na muda wote huo anafanya kazi bure. Hesabu hii, hata kwa ambao hawajawahi kuiandika, ndiyo iliyojaza kuta za maduka ya mtaani maneno kama "Leo taslimu, kesho mkopo" na "Kukopa harusi, kulipa matanga".

Wengi huyachukulia maneno hayo kama pambo. Ni chombo cha kazi, na kama chombo chochote kina namna yake ya kutengenezwa, mahali pake pa kuwekwa, na mambo kisichoyaweza. Bango peke yake halijawahi kuokoa mtaji. Likiwa na daftari zuri nyuma yake na sheria isiyobagua, linamwezesha mwenye duka kukataa mara nyingi kwa siku bila kumvunjia mtu heshima.

Kwa nini dhihaka ya ukutani inafanya kazi

Kukataa ana kwa ana mtaani ni kazi nzito. Anayeomba kuandikiwa unga ni mama aliyekuzidi umri, au jirani mnayechangia ukuta, au fundi aliyekuezekea banda na hakukulipisha bei ya mgeni. Ukimwambia "sikukopeshi", neno hilo linamwangukia yeye na nyumba yake. Bango linasema kabla hajafungua mdomo, linasema kwa kila mtu, na linasema kwa namna inayoruhusu wote wawili kucheka na kuendelea na salamu.

Watu wa Pwani wanaijua vizuri kazi hii kupitia kanga. Jina la kanga, yaani maneno yaliyochapwa juu yake, humfikia anayehusika, lakini aliyeivaa daima anaweza kusema nguo aliinunua sokoni na maneno hakuyatunga yeye. Bango zuri la duka lina nafasi hiyo hiyo ya kupumulia: halina jina la mtu, halina kidole kinachonyooshwa.

Ndiyo sababu mabango ya matusi hushindwa. "Maskini hakopeshwi hapa" linamchoma hata mwenye pesa mkononi, kwa kuwa naye ana siku zake mbaya. "Wewe unayejijua, lete hela" linawafanya watu kumi wajiulize kama ni wao, na saba kati yao hawadaiwi chochote. Kicheko kiangukie deni lenyewe, au kimwangukie mwenye duka. Kikimwangukia mteja, ataenda duka la pili.

Kutunga maneno

Yasizidi maneno manane. Mteja anasoma huku anahesabu chenji, hana muda wa aya. Yafuate mwendo wa methali: sehemu mbili zinazopingana uzito, na kituo katikati. "Kukopa harusi, kulipa matanga" imedumu kwa sababu nusu ya kwanza inapandisha na ya pili inashusha, na kila aliyewahi kudaiwa anaujua mshuko huo. Mifano iliyojengwa kwa mwendo huo:

Salamu ni bure, sukari kwa pesa.
Ukikopa tunacheka, ukidaiwa tunanuniana.
Ujirani wetu mzuri, tusiutie deni.

Ukitaka kutunga lako, anza na kitu kinachouzwa dukani kwako kweli (unga, mafuta, sabuni), kisha tafuta kinyume chake katika maisha ya mtaa. Soma kwa sauti mbele ya mtu mmoja mwanamke na mmoja mwanamume, mmoja mkubwa kwako kwa umri. Yeyote kati yao akiuliza "hili umemwandikia nani?", litupe. Aya za dini ziache nje ya jambo hili. Zina uzito wake, na mteja atakayehisi zimetumika kumkatalia nusu kilo ya mchele atakuwa na haki ya kuudhika.

Bango lenyewe

Kipande cha plaiwudi au hadibodi cha sentimita 30 kwa 60 kinatosha. Piga msasa, paka rangi nyeupe ya mafuta mikono miwili, na acha kila mkono ukauke usiku kucha. Piga mistari ya penseli kabla ya kuandika, maana kosa la kawaida ni kuanza na herufi kubwa upande wa kushoto na kuishia kuzibana upande wa kulia. Hesabu herufi pamoja na nafasi, gawanya upana, ndipo uanze. Mteja anayesimama mita mbili kutoka kaunta anasoma herufi za sentimita 2 bila shida mchana, lakini maduka mengi yana giza na taa hafifu jioni, kwa hiyo nenda sentimita 4 au 5. Nyeusi juu ya nyeupe hudumu. Nyekundu inavutia macho mapema na hupauka mapema vilevile ikipigwa na jua. Karatasi iliyofunikwa plastiki kutoka steshenari ni rahisi kwa kuanzia, ila ukungu wa maji ukishaingia pembeni, maneno yanavuja.

Weka bango usawa wa macho ya mteja, karibu na dirisha la nondo anapopitishia pesa. Juu ya kichwa cha muuzaji, katikati ya kalenda na picha za soda, halisomwi. Na liwe moja. Duka lenye mabango sita ya kukataa mkopo linatangaza kwamba mwenyewe ameshindwa kukataa mara sita. Badilisha maneno kila baada ya miezi michache, kwa kuwa jicho likizoea kitu huacha kukiona.

Jambo moja linaliua bango lolote, hata lililoandikwa na fundi bora: mteja kusimama mbele yake akamwona rafiki wa mwenye duka akiondoka na kilo mbili za unga huku akisema "niandikie". Tangu siku hiyo maneno ya ukutani yanahusu wanyonge tu. Kwa hiyo kabla ya kupigilia msumari, amua: hukopeshi mtu kabisa, au unakopesha kwa sheria. Kutokopesha kabisa kunawezekana kwenye duka la stendi au barabara kuu, ambako wateja wengi ni wapita njia. Ndani ya mtaa, ambako watu wale wale hununua kila siku na wengi hulipwa mwisho wa mwezi, aliyefunga mkopo wote atapoteza wateja wazuri pamoja na wabaya. Maduka mengi ya mtaani yanahitaji sheria, na bango huwa geti la kuingilia sheria hiyo.

Viwango vya kukopesha

Kiwango cha mteja mmoja: asidaiwe zaidi ya faida unayoipata kwake kwa mwezi. Mteja anayenunua wastani wa shilingi 5,000 kwa siku, kwa faida ya asilimia 8, anakuachia 400 kwa siku, yaani kama 12,000 kwa mwezi. Kikomo chake ni 12,000. Akihama mtaa usiku, umepoteza faida ya mwezi mmoja na mtaji haujaguswa. Mgeni wa wiki mbili bado hana historia, kwa hiyo hakopeshwi bado, na kumwambia hivyo kwa adabu si kumtukana.

Kiwango cha duka zima: madeni yote ya nje yasizidi moja ya kumi ya thamani ya bidhaa zilizopo. Mwenye bidhaa za 1,500,000 asiwe na zaidi ya 150,000 mitaani. Ukivuka hapo, dalili ya kwanza huonekana siku ya kwenda kununua kwa jumla: pesa haitoshi, unaleta katoni mbili badala ya nne, rafu zinaanza kuwa na mapengo, na mteja wa taslimu asiyekuta anachotaka anazoea duka jingine.

Vitu vya kuandika daftarini ni vile vya kupikia na kufulia. Vocha, umeme wa LUKU (wa kulipia kabla) na sigara haviandikwi kamwe, kwa sababu faida yake ni ndogo mno kubeba hatari yoyote, na mteja akishavitumia hakuna kilichobaki cha kumkumbusha. Floti ya uwakala wa kutuma na kutoa pesa usiiguse: ukimtumia mtu 20,000 "atakuletea jioni", umekopesha pesa taslimu kwa faida ya kamisheni ya senti. Na bidhaa ulizochukua wewe mwenyewe kwa mali kauli, ambazo utazilipia ukishauza, zisiende kwa mteja wa mkopo hata siku moja. Hapo deni limekaa juu ya deni, na msambazaji hatasubiri mshahara wa jirani yako. Wenye duka wanaojikuta wakikimbilia mikopo ya kausha damu, ile ya riba kubwa mno, mara nyingi waliingilia mlango huu.

Tarehe ya kulipa ifuate siku mteja anapopata pesa. Mwajiriwa alipe mwisho wa mwezi, kibarua wa ujenzi Jumamosi, bodaboda na mama ntilie siku hiyo hiyo jioni. Kumpa bodaboda mwezi mzima ni kumtega, maana pesa yake huja kila siku na kila siku ina pa kwenda.

Daftari

"Mali bila daftari hupotea bila habari" ndiyo methali ya biashara iliyo sahihi kuliko zote, na neno la mwisho ndilo zito: hupotea usijue imeendaje. Nunua kaunta buku lenye jalada gumu. Andika namba kwenye kila ukurasa kwa kalamu kabla ya kuanza, ili ukurasa ukichanwa ujulikane. Kurasa mbili za mwanzo ni orodha ya majina na namba za kurasa zao.

Ukurasa wa 1 ni wa nyumbani kwako. Soda unayofungua, mche wa sabuni unaopelekwa ndani, mia tano za mtoto za shule, vyote viandikwe hapo. Chovya chovya humaliza buyu la asali, na maduka mengi yanayodhani yanaliwa na wateja yanaliwa na familia ya mwenyewe, kidogo kidogo, bila mtu yeyote kuwa na nia mbaya. Mwisho wa mwezi jumla ya ukurasa huo ilinganishwe na faida. Ikiizidi, tatizo limepatikana na bango halitalitibu.

Kila mteja ana ukurasa wake. Juu andika jina kamili pamoja na jina la mtaani, simu, na nyumba anayokaa, kwa sababu "Mama Asha" wanaweza kuwa watatu katika mtaa mmoja. Andika pia nani ameruhusiwa kuchukua kwa niaba yake. Ugomvi mwingi wa madeni huanzia kwa mtoto aliyetumwa: mama anasema hakumtuma, duka linasema alikuja, na wote wawili wanaamini wanasema kweli.

Safu ni sita: tarehe, bidhaa na kipimo, thamani, kilicholipwa, baki, sahihi ya aliyechukua. Safu ya baki ijazwe kila mara. Wanaoiacha ili wajumlishe mwisho wa mwezi ndio wanaokosea, na kosa la shilingi 500 mbele ya mteja linatia shaka kwenye ukurasa mzima. Tumia kalamu ya wino. Ukikosea, kata kwa mstari mmoja ili kilichokatwa kisomeke, andika sahihi pembeni, na mteja aweke yake. Mteja wa kila siku mpe kijitabu kidogo chenye maandishi yale yale, akae nacho. Jioni piga picha kurasa zilizoguswa siku hiyo, kwa sababu daftari huloa, huibiwa, na huwashiwa jiko na mtu asiyejua ni nini.

Anayetaka kulipa kwa simu apewe namba ya malipo ya duka, asitume kwenye simu binafsi ya mwenye duka. Pesa ikiingia kwenye simu binafsi huchanganyika na ya matumizi, na malipo hayo husahaulika kuingizwa daftarini.

Namna ya kusema hapana

Bango litawageuza wengi. Atakayeuliza hata hivyo ajibiwe kwa salamu kwanza, kisha hesabu, kisha njia ya kutokea:

"Shikamoo mama. Daftari letu limefika kikomo, limesimama elfu kumi na mbili. Ukilipunguza hata kwa elfu tatu leo, nakuandikia unga sasa hivi."

Neno "letu" lina kazi yake. Kikomo kinatajwa kwa shilingi, na hali ya nyumba yake haitajwi. Njia ya pili ni kumpunguzia kipimo: weka tayari vifuko vya robo kilo vya sukari na mchele, na mafuta ya kupimwa. Mwenye shilingi 1,000 mkononi akipewa cha 1,000 kwa taslimu ameondoka na chakula na heshima yake, nawe hukuandika kitu.

Usiseme "njoo kesho" kama huna nia ya kumpa kesho. Bango likisema kesho, kila mtu anajua kesho hiyo haifiki. Ukisema wewe kwa mdomo wako, ahadi ni deni, na sasa mdaiwa umekuwa wewe.

Kuna siku sheria huwekwa kando: msiba, ugonjwa, moto. Hapo usikopeshe. Toa. Tenga kiasi kidogo kila mwezi, kwa mfano 10,000, kiandikwe kwenye ukurasa wake kama msaada, na kikiisha kimeisha. Kumkopesha aliyefiwa unga wa matanga ni kujipa kazi ya kwenda kumdai mtu mwenye huzuni, na hakuna anayeifanya kazi hiyo vizuri.

Kudai

Hapa ndipo wenye vipaji vya maneno hukosea zaidi. Fumbo lina mahali pake kabla ya deni, linapowahusu wote. Deni likishaandikwa, fumbo lina mtu mmoja tu wa kumwangukia, na mtaa mzima unajua ni nani. Ukiimba kijembe wakati anapita, au ukibandika jina lake ukutani, atabadilisha njia. Hasara yake ni mara mbili: hatalipa lile deni, na pesa taslimu ya kila siku ataipeleka duka la pili, kwa kuwa anaona aibu kuja kwako na elfu mbili huku anadaiwa kumi. Mdai kwa maneno ya wazi, ya faragha, yenye tarakimu.

Siku tatu kabla ya tarehe, ujumbe mfupi: "Habari ya jioni dada. Nakukumbusha daftari letu, baki ni 11,500, tulipatana Jumamosi. Karibu dukani." Tarehe ikipita, zungumza naye mkiwa wawili, kamwe si mbele ya wateja, si kwenye harusi, si nje ya msikiti au kanisa. Pokea kidogo: 3,000 kwa wiki inamaliza deni hilo kabla mwezi haujaisha, na kila malipo yanamrudisha dukani. Mwambie wazi kwamba kununua kwa taslimu anakaribishwa hata kabla hajamaliza. Biashara haigombi, na maana yake ya vitendo ni hii: mlango wa kununua usifungwe kwa sababu ya mlango wa kukopa.

Usiongeze riba kwa aliyechelewa. Tanzania, kukopesha kwa riba kama biashara kunahitaji leseni chini ya Sheria ya Huduma Ndogo za Fedha ya mwaka 2018, na wateja wengi Waislamu hawataigusa kwa imani yao. Usirushe picha wala namba ya mdaiwa kwenye kundi la WhatsApp la mtaa. Kenya ina Sheria ya Ulinzi wa Data tangu 2019, Tanzania ina Sheria ya Ulinzi wa Taarifa Binafsi ya mwaka 2022, na aliyeanikwa anaweza kukushtaki kwa jambo kubwa kuliko unga wake. Novemba 2024 Benki Kuu ya Tanzania ilizipiga marufuku programu 69 zilizokuwa zikikopesha mtandaoni bila kibali chake. Kuwadhalilisha wakopaji mbele ya jamaa na marafiki ni moja ya mambo yaliyowafanya watu wengi wazichukie programu za namna hiyo. Duka la mtaa lisijifunze kutoka huko.

Deni la siku 90 lisilosogea, mpelekee mwenyekiti wa serikali ya mtaa au mzee wa mtaa pamoja na ukurasa wenye sahihi. Mara nyingi kuonekana kwa sahihi kunatosha. Kwa Kenya kuna pia Mahakama ya Madai Madogo, inayosikiliza madai hadi shilingi 1,000,000 za Kenya na inayotakiwa kutoa uamuzi ndani ya siku 60, lakini nauli na muda wako vikizidi deni, acha. Likatwe kwenye faida ya mwezi huo, ukurasa upigwe mstari, na mteja huyo asiandikiwe tena. Akirudi kulipa baada ya mwaka, na wapo wanaorudi, mpokee bila hotuba na mwandikie risiti.

Mwisho wa mwaka fungua daftari jipya. Hamisha baki tu, kila mteja akiweka sahihi mbele ya namba yake mpya. Wengi hulipa siku hiyo ili waanze na ukurasa safi, kwa hiyo waite mapema kidogo, wiki ya mshahara. La zamani usilitupe. Kwa Tanzania kumbukumbu za biashara zinatakiwa kuhifadhiwa miaka 5 kwa ajili ya kodi. Lifunge kwenye mfuko wa plastiki na uliweke juu, mbali na unga, kwa kuwa panya wanaokuja kwa ajili ya unga hula karatasi pia.